Kimya cha Uthiru

Kuna swali moja ambalo Waringa hajawahi kulitatua, na siku hizi hadhani atalitatua. Si swali la nani aliyekuwa akiita. Hilo watu wamelijibu kila mtu kwa imani yake, naye hajabishana na yeyote. Lake ni dogo zaidi, na linamuuma zaidi. Kwa nini yeye, aliyeishi na kile kitu karibu kuliko wote, hakuitwa miaka yote hiyo?

Jioni yenyewe ilianza kama jioni nyingine. Jua lilikuwa linashuka nyuma ya majengo marefu ya Westlands, na Waringa alikuwa ametoka chumba chake cha kazi kwenda kununua maziwa na mkate. Alikuwa kwenye foleni dukani simu ilipolia. Ni Ivyne, binti wa mteja wake mmoja, mjane anayeitwa Philister.

"Anti Waringa, uko mbali?"

"Niko hapa tu Westlands. Kuna nini?"

"Ni ile filamu ya baba. Iko na shida."

"Shida gani? Haichezi?"

"Inacheza." Ivyne akashusha sauti. "Inacheza vizuri. Mama hataki kuizima... Anti, kuja tu. Tafadhali."

Waringa akaacha maziwa juu ya kaunta.

Yeye ni mhariri wa filamu, na si wa aina moja. Amehariri arusi za Parklands zenye wajomba wengi kuliko viti, kwaya za makanisa ya Kinoo, matangazo ya unga na sabuni, tamthilia ambazo watu huzitazama huku wakipika. Amehariri filamu ya wafugaji iliyopelekwa Ulaya bila yeye. Na mazishi, mazishi mengi. Watayarishaji walimpenda kwa sababu angeweza kulia na kazi hii asubuhi na kucheka na ile mchana, na zote zikatoka sawa. Jina lake lilipita mwishoni kwa herufi ndogo, wakati watu wameshainuka kutafuta viatu vyao.

Ni kazi ya mtu kuwa peke yake. Mara nyingine alikutana barabarani na bibi arusi aliyekaa naye wiki nzima kwenye kioo cha kompyuta, akijua jinsi anavyouma mdomo kabla ya kucheka, akakaribia kumsalimia kwa jina. Kisha akakumbuka kwamba yule hamjui. Akapita.

Jambo moja wasiohariri hawalijui: kila chumba kina kimya chake. Ukikata maneno ya mtu ukaacha pengo tupu, sikio la mtazamaji hushtuka, kama mguu uliotafuta ngazi isiyokuwepo. Kwa hiyo kabla ya kuondoka mahali, mrekodi sauti huwaambia watu wote wanyamaze, akakirekodi kile kimya chenyewe, ili mhariri apate cha kuzibia mapengo.

Waringa alikuwa na kimya kimoja alichokipenda kuliko vyote. Alikirekodi mwenyewe Uthiru, katika chumba alichofia mama yake, jioni ya mwisho kabla ya kaka yake Ndungu kuleta mafundi wa kubomoa nyumba. Alizima friji. Akatoa betri kwenye saa ya ukutani. Akafunga madirisha, akaketi sakafuni kando ya kitanda cha chuma kilichobaki bila godoro, akabonyeza kitufe, akangoja. Hakulia, kwa sababu kulia kungeharibu sauti.

Nyumba ikabomolewa. Sasa pale pana flati za Ndungu, nguo za wapangaji zikining'inia kila ghorofa. Waringa aliona ni tamaa, na kwa muda mrefu hakuwa na la kuongea naye zaidi ya salamu za Krismasi. Lakini kimya kilibaki. Kilikuwa safi na chenye kina, bila mbwa, bila gari, bila mtoto wa jirani. Akazibia pengo la arusi moja, kikakaa vizuri. Akazibia tangazo la unga. Miaka kumi na moja ikapita, na hakuna kazi iliyotoka mikononi mwake bila kimya cha Uthiru chini yake. Ilikuwa sahihi yake ambayo hakuna aliyeisoma. Ilikuwa pia namna ya kutokaa peke yake, ingawa hilo hakumwambia mtu.

Yeye mwenyewe hakuwahi kusikia chochote humo. Na alisikiliza. Usiku mwingi alivaa vipokea sauti masikioni, akafumba macho, akasikiliza.

Akiwa nyuma ya bodaboda, Waiyaki Way imejaa taa nyekundu za magari yaliyosimama, ndipo alipomkumbuka mzee Ndegwa wa Loresho.

Mzee Ndegwa alikuwa amemwomba filamu ya marehemu mkewe, vipande vya sherehe za zamani vilivyounganishwa. Miezi michache baadaye alikutwa amekufa mbele ya televisheni. Amekaa wima. Amevaa koti na kofia, viatu vimefungwa kamba, kama mtu anayesubiri kupitiwa na gari. Moyo, daktari alisema. Mfanyakazi wa nyumba alimsimulia Waringa siku ya mazishi, huku wakikata kabeji, kwamba jioni ile alimsikia mzee akiongea sebuleni.

"Alikuwa anasema nini?"

"Alisema, 'Eeh, nakuja.' Nikadhani ananiambia mimi. Nikaenda. Nikapata ameshaenda."

Waringa aliona ni huzuni ya mzee, na huzuni huwa na desturi zake. Familia ikamwomba ahariri filamu ya mazishi. Akaihariri. Akaweka chini yake kimya cha Uthiru.

Philister alikaa ukingoni mwa Mountain View, karibu na Kangemi, na alikuwa fundi wa kushona sare za shule. Mumewe, Okinyi, alikuwa seremala aliyefanyia kazi kando ya barabara kuu, na filamu yake ilitengenezwa kwa ajili ya ibada ya kumkumbuka mwaka mmoja baada ya kifo. Waringa alimkumbuka Philister kama mwanamke wa kicheko kikubwa, aliyekuja kuchukua kazi yake na kumtania Waringa juu ya kiti kibovu cha chumba cha kazi: "Hii ni kiti ama ni adhabu?"

Ivyne alifungua mlango kabla haujabishwa.

"Karibu, Anti," alinong'ona.

Sebule ilikuwa giza. Mwanga wa televisheni tu. Madirisha yamefungwa, mapazia yameshushwa, na vitambaa vimesokotwa chini ya mlango wa nyuma, kuzuia kelele.

Philister alikuwa ameketi kwenye kochi. Amevaa gauni la kanisani. Amevaa viatu. Mkoba uko mapajani, mikono miwili juu yake.

Waringa akaufunga mlango nyuma yake.

"Mama Ivyne, habari za jioni?"

"Shh." Philister hakugeuka. "Anataka kuongea."

Kwenye kioo Okinyi alikuwa amekaa juu ya benchi lake la kazi, randa mkononi, vumbi la mbao kwenye nyusi. Ivyne ndiye aliyemrekodi kwa simu. "Baba, sema kitu," sauti ya Ivyne ilisema kwenye filamu. Okinyi akacheka, akainamisha kichwa, akanyamaza kidogo. Kisha akasema, "Niseme nini sasa?"

Waringa alilijua pengo lile. Kwenye picha ya asili malori yalikuwa yakipita nyuma yake, yakinguruma. Yeye ndiye aliyeyaondoa. Yeye ndiye aliyelirefusha lile tabasamu kidogo, ili lipumue, na chini yake akatandika kimya chake.

Philister alirudisha nyuma. "Baba, sema kitu." Kicheko. Kichwa kikainama.

Kimya.

Philister akasimamisha picha hapo hapo, na tabasamu la Okinyi likaganda kwenye kioo. Sauti ilipaswa kukatika.

Haikukatika.

Kitanda kililia. Kwa upole... kama mtu anayegeuka ubavu usingizini. Kitanda cha chuma. Waringa alikifahamu kila springi, kwa sababu ndicho alichozaliwa juu yake.

Kisha pumzi. Ndefu. Ya mtu anayejiandaa kusema.

Kisha harufu ikaja. Mafuta ya kuchua, na mvuke wa nduma zilizochemshwa. Harufu ya chumba cha Uthiru, humu ndani, kwenye sebule ya watu.

"Unasikia vanishi?" Philister alinong'ona. "Huwa anakuja na vanishi kwa mikono."

Waringa alimnyang'anya rimoti, akazima televisheni. Kioo kikawa cheusi.

Kitanda kikaendelea kulia.

Philister akasimama, mkoba begani. Uso wake ulikuwa umelegea, mzuri kama wa msichana. "Ameniita," alisema. "Nyinyi mmesikia? Ameniita jina." Akafungua mdomo.

"Mama Ivyne, usiitike!"

"Kwani wewe ni nani wa kuniambia nisimwitike bwana yangu?"

"Mzee mmoja aliitika. Walimpata amekaa hivi, amevaa viatu."

Philister alitazama viatu vyake. Alivitazama muda mrefu, kana kwamba mtu mwingine ndiye aliyemvisha. Mdomo wake ukafunga, polepole.

Na hapo ndipo...

"Waringa."

Haikuwa sauti ya kutisha. Hilo ndilo lililomtisha baadaye, si wakati ule. Ilikuwa sauti ya mama anayeita mtu mezani, chakula kipo tayari. Miaka mingapi? Watu walimwita madam, walimwita mwenye video, walimwita wewe. Hakuna aliyelitamka jina lake namna ile, kama kitu cha kushikwa kwa mikono miwili. Kila kitu ndani yake kiligeuka kuelekea ile sauti, kama mmea unavyogeukia dirisha. Akavuta pumzi aitike.

Philister aliuona uso wake. Aliutambua, maana alikuwa akiuvaa wiki nzima.

"Ivyne! Dirisha!" alipiga ukelele. "Fungua dirisha yote!" Akanyakua sinia mezani, akaanza kulipiga kwa kijiko kama mtu anayefukuza nyani shambani.

Dirisha likafunguka. Waiyaki Way ikaingia yote. Honi, pikipiki, mhubiri wa Kangemi na spika yake iliyopasuka, jirani wa chini akimgombeza mtu kuhusu maji. Harufu ya nduma ilikatika kama uzi.

Walikaa watatu sakafuni, migongo ukutani. Philister alikuwa bado ameshika kijiko.

"Ulisikia nani?" aliuliza.

"Mama yangu."

"Mimi nilisikia Okinyi." Wakamgeukia Ivyne.

Ivyne alikuwa akilia bila sauti. "Mimi sikusikia mtu," alisema. "Niliwasikia nyinyi wawili tu. Mlikuwa mnapumua pamoja. Pumzi moja."

Philister akapangusa uso kwa mkono wa gauni. "Huyo hakuwa Okinyi. Nimekaa hapa wiki nzima nikijidanganya. Okinyi hajawahi kuniita na upole hiyo. Okinyi alikuwa anapiga kelele kutoka huko barabarani, 'Mama Ivyne, chai iko wapi, ama nioe mwingine?'"

Walicheka, wote watatu, kicheko kibaya chenye machozi. Waringa hakusema kama yule wake alikuwa mama au hakuwa. Hakujua. Hata leo hajui.

Alimpigia Ndungu simu hapo hapo, dirisha likiwa wazi.

"Leo umekumbuka uko na ndugu?" Ndungu alisema. "Krismasi imekuja mapema."

"Ndungu, kwa nini ulibomoa nyumba ya mama?"

"Sasa ndio unauliza. Miaka yote umekuwa ukiniita tu mroho."

"Sikukuita hivyo."

"Kwa mdomo, hapana." Akakohoa. "Mama ndiye alinituma. Alisema, 'Nikifia humu ndani, usiache ukuta umesimama.' Unajua watu wa zamani hawakukaa kwa nyumba aliyofia mtu. Waliiacha, irudi udongo. Nilimwambia, mama, wewe ni mtu wa kanisa, hiyo ni mambo ya kina cucu, nyanya zetu. Akaniambia, 'Niahidi tu.' Hizo flati nilijenga baadaye, kwa sababu kiwanja kilikuwa kimekaa bure. Siwezi kukudanganya kwamba sikuzipenda."

"Mbona hukuniambia?"

"Alikataza. Alisema utaumia. Alisema Waringa hajui kuacha kitu." Ndungu akauliza kwa sauti nyingine: "Kuna kitu ulibeba?"

"Nilirekodi chumba. Kimya chake."

Ndungu alicheka, kisha kicheko kikamwishia njiani. "Na ukakipeleka wapi?"

Waringa alitazama nje, taa za madirisha ya Mountain View zikiwaka moja baada ya nyingine, na katika mengi yake televisheni. Akaanza kuhesabu arusi, kwaya, mazishi, matangazo. Akashindwa.

"Kila mahali," alisema.

"Basi hiyo nyumba haijabomolewa," Ndungu alisema. "Umeenda ukiijenga kwa sebule za watu."

Asubuhi walikutana kwenye chumba cha kazi cha Waringa, yeye, Philister na Ndungu, jua likiingia na dirisha likiwa wazi hadi mwisho. Ndungu alikuwa amenenepa, amekuja na mandazi kwenye mfuko, na hakujua aketi wapi. Philister alimwachia kile kiti kibovu.

Kwanza Waringa alirudisha malori. Alikitoa kile kimya chini ya Okinyi, akaweka sauti ya asili, chafu, yenye vumbi. Lori lilinguruma, mtu akatukana kondakta mahali fulani nyuma, na Okinyi akacheka na kusema, "Niseme nini sasa?" na nusu ya maneno hayakusikika.

"Huyo," alisema Philister, akijipangusa macho. "Huyo sasa ndiye."

Kisha Waringa akafungua kile kimya chenyewe, peke yake, bila kukicheza. Kwenye kompyuta kila sauti huonekana kama milima na mabonde. Hii ilikuwa mstari mmoja ulionyooka kutoka mwanzo hadi mwisho. Hata kimya cha kawaida hutikisika kidogo. Hiki hakikuwa na kitu chochote ndani yake.

"Pengine kiliwaita waliokuwa wanangoja tu," Philister alisema. "Mtu wa kutazama tangazo la unga hangoji mtu. Mimi nilikuwa nangoja."

"Mimi pia nilikuwa nangoja," Waringa alisema.

Ndungu alimtazama dada yake kwa mara ya kwanza asubuhi ile, kisha akatazama mikono yake mwenyewe.

Walikata shauri mapema, maana ya kusemwa hayakuwa mengi. Kimya cha Uthiru kitafutwa, chenyewe na nakala zake zote. Kila familia iliyochukua filamu ya marehemu itapigiwa simu, iletewe nyingine yenye kelele zake halisi, na Philister ndiye atakayezungumza nao, kwa kuwa anajua cha kuuliza: mzee anavaa viatu ndani ya nyumba? Kuhusu yale matangazo yanayoendelea kurushwa jioni kabla ya habari, hakuna aliyejua la kufanya.

Kilichobaki ni nani wa kubonyeza. Waringa aliweka kidole juu ya kitufe, na kidole kikakataa.

"Wacha," alisema Philister. "Mtu ameitwa asiguse. Wewe na mimi tumeitwa."

"Mimi sijaitwa na mtu," alisema Ndungu. "Na nyumba yenyewe ilianguka na mkono wangu. Songa, Waringa."

Akasogea. Ndungu akapangusa vidole mafuta ya mandazi, akasoma kile ambacho kompyuta ilimuuliza, kama alikuwa na hakika, akasema "ndiyo" kwa sauti kama mtu mbele ya hakimu, akabonyeza.

Mstari ukatoweka.

Feni ya kompyuta ikazimika. Nje, pale Westlands, pale ambapo honi hazijui kupumzika, Waringa akagundua kwamba hasikii honi. Aligeukia dirisha. Lilikuwa wazi. Magari yalikuwa yakipita.

Ndungu aliinua kichwa. Aligeuka taratibu kuelekea kona ya chumba, mahali ambapo hapakuwa na kitu ila ndoo na ufagio, na uso wake mnene ukalegea, ukawa wa mtoto. Midomo ikaachana, kama ya mtu anayetaka kuitika.

Waringa alitega sikio kwa nguvu zake zote. Hakusikia kitu.

Philister ndiye aliyemfikia kwanza. Alimziba mdomo kwa kiganja, akakishikilia hapo, huku Ndungu akihema puani na machozi yakimshuka juu ya vidole vya mwanamke aliyemjua tangu asubuhi ile tu. Akakishikilia, wala hakukiondoa.